Madaftari Ishirini na Mawili Yaliyokwenda Norwei

Tangu nirudi, ndugu na marafiki mmekuwa mkija uani kwangu mmoja mmoja, na kila mmoja nimemsimulia kipande chake. Sasa nasikia vipande vyenyewe havilingani: wengine wanasema nilipoteza kila kitu, wengine kwamba Wazungu walinilisha sabuni, na jirani yangu anadai nilipokelewa kwa gwaride la serikali. Basi nimekaa nikaandika, ili anayetaka kujua asome. Habari za viza na karatasi nitaziruka. Zilinichosha mimi, hakuna sababu ziwachoshe na ninyi.

Kwa asiyenijua: naitwa Numbi, nilifundisha shule ya msingi hapa Kamina miaka thelathini na sita. Nilipokaribia kustaafu nilianza kukusanya maneno ya Kiluba. Majina ya samaki wa Kinkondja, sehemu za mtumbwi, magonjwa ya muhogo kama yanavyoitwa na wakulima wa Kaniama, maneno ya kubembeleza mtoto, maneno ya kuomboleza. Yamejaa madaftari ishirini na mawili, na nakala ni hiyo hiyo moja. Mwaka jana upepo uling'oa bati la nyumba, daftari la tisa likaloa. Nilijaribu kupiga picha kurasa kwa simu, lakini penseli ya zamani imefifia, picha zinatoka nyeupe.

Banza, aliyekuwa mwanafunzi wangu na sasa ni muuguzi mjini Oslo, alisikia habari hiyo. Yeye ndiye aliyenikutanisha na mama mmoja aitwaye Solveig, mwalimu mstaafu kama mimi, anayesaidia maktaba ndogo katika bonde moja la magharibi ya Norwei. Maktaba hiyo ina mashine ya kupiga picha maandishi yaliyofifia. Wakanialika nije na madaftari, na siku moja kabla ya sikukuu yao kubwa ya mwezi wa tano niwaeleze wenyeji kazi yangu.

Kamina hadi Lubumbashi

Madaftari niliyafunga kwenye kitambaa cha kikwembe cha kijani, nikayatia katika valizi ya buluu. Kwenye treni niliikalia.

Tulipofika Kabondo-Dianda treni ikasimama. Behewa la mizigo lilikuwa limeacha reli huko mbele, tukakaa hapo siku mbili. Kando yangu alikuwa Mama Zainabu, mfanyabiashara wa soko letu, ambaye ukoo wao ulitoka Maniema zamani. Alikuwa akipeleka samaki wakavu Lubumbashi. Siku ya kwanza kila mtu alikula chakula chake. Siku ya pili tulipika pamoja kando ya reli: unga wangu, samaki wake, na sombe ya majani ya muhogo tuliyonunua kwa wanakijiji. Bukari ile, ugali wa kwetu, ililiwa na watu tisa.

Mama Zainabu aliniangalia nikila huku mkono mmoja uko juu ya valizi.

"Mwalimu, mule muko nini? Unailinda kama mutoto."

"Muko maneno."

"Maneno gani?"

"Maneno ya Kiluba. Napeleka Norveji, banaenda kuyapiga picha."

Alitafuna kwanza, akameza. "Bantu banapeleka Ulaya bitenge, banapeleka samaki. Weye unapeleka maneno. Kule banakosa maneno yabo?"

Niliondoka Kamina nikiamini kwamba nchi tajiri kama ile ilizaliwa na lugha yake, bendera yake na kila kitu chake, kama meno yanavyomwota mtu yenyewe.

Baadaye, kwa kuwa hatukuwa na kazi nyingine, akaanza kunifundisha. "Sisi nyumbani tuko na Kiswahili tu. Lakini samaki, majina yake nayajua mu Kiluba, sababu bale ba Kinkondja njo banatuuzishia." Alijua jina la samaki aliyekaa juani siku moja, jina la aliyekauka nje lakini ndani bado laini, na la yule anayelia kama ukuni ukimgonga. Majina mawili kati ya hayo sikuwa nayo. Madaftari yalikuwa yamefungwa vizuri na sikutaka kuyafungua kwenye vumbi, kwa hiyo niliyaandika nyuma ya bahasha nikaitia mfukoni.

Lubumbashi hadi Oslo

Kwenye uwanja wa ndege mtumishi mmoja aliinua valizi yangu, akatikisa kichwa. Ilikuwa nzito mno kuingia nayo ndegeni. Nilimweleza kilichomo. Akanijibu kwa upole kwamba kila mtu ana kitu muhimu. Nikaitazama ikienda kwenye mkanda wa mpira, ikapita chini ya pazia.

Tulibadilisha ndege mahali fulani alfajiri, na adhuhuri tulikuwa Oslo. Banza alikuwa akinisubiri, mwanamume mrefu wa miaka arobaini mwenye mvi mbili tatu. Alinikumbatia, tukasimama mbele ya mkanda. Mizigo ikatoka. Watu wakachukua yao wakaenda. Mwishoni ukabaki mkoba mmoja wa mtoto unaozunguka peke yake, kisha mkanda ukazimwa.

Banza alikwenda kuongea na dada wa dirishani kwa Kinorwei. Nilitazama midomo yao, sikuelewa kitu. Aliporudi hakuniangalia moja kwa moja.

"Banasema iko mu njia."

"Njia gani?"

"Hapo njo habajue, Mwalimu."

Nyumbani kwake aliniwekea mkate na kipande cha kitu cha kahawia, laini, chenye pembe nne. Nilikiacha kando nikidhani ni sabuni ya kunawia. Yeye akachukua kisu, akakata kipande chembamba, akala. Ni jibini yao, inachemshwa mpaka inakuwa tamu kama karameli. Hapo ndipo ilipotoka hadithi ya sabuni. Nilionja kwa heshima, lakini siku ile hata nyama ya mbuzi ingenishinda. Nilikuwa nahesabu daftari moja moja kichwani: la kwanza mvua, la pili ndoa, la tatu wadudu. Nilipofika la kumi na nne sikukumbuka ndani yake mna nini, nikaanza kulia.

Banza aliniletea maji. Jambo moja nililigundua jioni hiyo: tangu uwanja wa ndege alikuwa akinisemesha Kiswahili na Kifaransa. Mimi niliingiza Kiluba mara mbili tatu, kama tunavyofanya sote hapa, naye kila mara alinijibu kwa Kiswahili. Nilifikiri amesahau.

Reli, basi na kivuko

Maktaba ilikuwa inanisubiri, kwa hiyo kesho yake nilisafiri mikono mitupu. Banza angebaki kufuatilia valizi.

Treni yao iliondoka kwa dakika iliyoandikwa, na hilo pia lilinisumbua, maana sikuwa nimemaliza kuaga. Ilipanda milima yenye theluji, ikashuka, ikafika mahali reli inapoishia. Kutoka hapo nilipanda basi. Ndani mlikuwa na mama mmoja tu. Kwa adabu nilikwenda kukaa kando yake, nikamsalimu. Alishtuka, akakumbatia mkoba wake. Viti arobaini vilikuwa wazi. Baadaye Solveig alinieleza kwamba kwao adabu ni kumwachia mtu nafasi. Lakini tulipofika kwenye kivuko cha kuvuka mkono wa bahari, yule mama alishuka, akarudi na vikombe viwili vya kahawa, kimoja akanipa. Hatukuwa na lugha ya pamoja. Tulikunywa tukiangalia maji.

Kila kijiji tulichopita watu walikuwa wakipandisha bendera, wakifagia, wakipaka vizingiti rangi. Nikajua kuna waziri anakuja. Nikamwonea huruma Solveig. Kwetu waziri akija barabara hufungwa, na maktaba ingesahaulika.

Bondeni

Solveig ana miaka sabini. Alifundisha Kifaransa maisha yake yote, na Kifaransa chake kimenyooka kama shuka iliyopigwa pasi. Nilipomuuliza waziri anafika saa ngapi, hakuelewa. Nilipoelekeza bendera, alikaa kwenye ngazi akacheka.

"Hakuna waziri. Ni siku ya katiba yetu. Ni ya watoto."

Kwenye kamba uani kwake palining'inia gauni zito la sufu, limetariziwa maua, na vifungo vya fedha. Nikadhani kuna harusi. Akasema ni vazi la bonde lao, kila upande wa nchi una lake, na kesho kutwa nitaona wanawake wote wamevaa.

"Ni vazi la zamani sana?" nikauliza.

"Sehemu ni za zamani. Wanawake walikwenda kupekua masanduku ya bibi zao. Palipokosekana kitu, walishona kwa kukisia." Alishika pindo. "Sehemu tulizitunga, Numbi. Sasa ni zetu."

Jioni hiyo, mbele ya uji wa krimu chachu wenye siagi na mdalasini, alinisimulia mambo ambayo sikuyatarajia. Kwamba karibu miaka mia nne walitawaliwa kutoka Denmark. Kanisani, mahakamani, shuleni, kilichoandikwa kilikuwa Kidenmark, na walichosema wakulima nyumbani kilihesabiwa kuwa kelele ya watu wa shamba. Kwamba mwaka 1814 wanaume fulani walikusanyika katika nyumba moja kubwa, wakaandika katiba kwa majuma machache, na kabla wino haujakauka vizuri wakaunganishwa na Uswidi. Iliwachukua hadi 1905 kujitoa, na walijitoa bila vita.

"Katikati ya hapo ndipo tulipojitengeneza," alisema. "Wengine walitembea mashambani wakiandika hadithi za vikongwe. Wachoraji walichora milima hii, ambayo watu wa mjini waliiona kizuizi tu. Na mtoto mmoja wa mkulima, kutoka pande hizi hizi, alitembea bonde hadi bonde na mkoba, akiandika maneno. Akayatengenezea sarufi, ikawa lugha ya kuandikwa."

"Watu wakafurahi?"

"Wakagombana. Tunagombana hadi leo. Tuna namna mbili za kuandika lugha moja, na kila upande unaona mwenzake amekosea."

Nilimfikiria Mama Zainabu na swali lake. Walikosa maneno yao, ndiyo. Waliyatafuta kwa miguu.

Solveig akaendelea kuosha sahani huku akiongea, kwamba karne ile ya kumi na tisa bunge lao liliamua mwalimu afundishe, kadiri iwezekanavyo, kwa lugha ambayo watoto wanaisema kwa kinywa chao. Alisema bila uzito, kama habari tu. Mimi nilishika kitambaa cha kukaushia nikashindwa kukausha.

Nitaandika hapa jambo ambalo wengi wenu mnalijua, kwa sababu mlikuwa darasani. Katika darasa la tano nilikuwa na kifuniko cha kopo la maziwa kilichotobolewa tundu na kutiwa kamba. Aliyesema Kiluba alikivaa shingoni mpaka atakaposikika mwingine akisema. Hivyo ndivyo tulivyofundishwa kufundisha, lakini kifuniko kile nilikitoboa mimi kwa msumari wangu. Banza alikivaa.

Nilimwambia Solveig. Alizima maji, akakaa.

"Bibi yangu alikuwa mwalimu," alisema. "Alikuwa akiwagonga watoto vidole waliposema kama mama zao. Waliokusanya maneno tunawajua kwa majina, tumewajengea sanamu. Wale wengine hatuwataji. Nao walikuwa wengi zaidi."

Nilitoka nje, nikampigia simu Banza.

"Mwalimu, valizi bado," alisema kabla sijamsalimu.

"Sikupigii juu ya valizi. Unakumbuka kile kifuniko?"

Nilisikia redio nyumbani kwake, kisha ikazimwa.

"Nakumbuka. Kamba yake ilikuwa nyekundu."

"Minyi njo nilikufunga ile kamba. Nilikosa, Banza. Unisamehe."

"Ni zamani ile, Mwalimu."

"Ni zamani, lakini nilikosa."

"Nilikibeba siku tatu," alisema polepole. "Benzangu bote baliogopa, hakuna mwingine alisema. Nililala nacho." Akakohoa. "Nimesikia, Mwalimu. Nimekusamehe. Lala sasa. Kesho nitarudi ku uwanja wa ndege."

Maktabani

Kesho yake walikuja watu kama thelathini, wamekaa kimya, na mimi sikuwa na daftari hata moja la kuwaonyesha. Nilipapasa mfukoni nikakuta bahasha ya Mama Zainabu. Basi nikaanza na samaki. Niliwaeleza kuhusu ziwa Kisale, jinsi samaki wanavyopasuliwa na kuanikwa, na hayo majina yake, siku kwa siku. Solveig alitafsiri.

Nilipofika kwa yule aliyekauka nje lakini ndani laini, mzee mmoja wa mstari wa nyuma aliinua mkono. Alikuwa mvuvi. Akasema wao wanaanika chewa kwenye milingoti, na hatua hiyo hiyo wana jina lake, ila kijiji cha ng'ambo wanalitamka vibaya. Mtu wa kijiji cha ng'ambo alikuwepo. Walibishana mpaka Solveig akagonga meza. Sikuelewa hata neno, lakini ubishi niliujua: nimeusikia Kinkondja mara ngapi.

Mama mmoja akaniuliza kama watu wangu wenyewe wanayataka maneno haya. Nilimjibu ukweli, kwamba wengine wanayataka, na wengi huniuliza yatawasaidia nini. Yule mvuvi akasema jambo, Solveig akatafsiri: "Na sisi tuliulizwa hivyo. Bado tunaulizwa."

Tarehe kumi na saba

Asubuhi ya sikukuu nilisikia ngoma na tarumbeta, nikasogea nyuma karibu na ukuta. Sisi wa Kamina tunajua maana ya ngoma na bendera pamoja. Niliangalia barabara nikitafuta magari ya kijeshi.

Solveig aliniona. "Unatafuta nini?"

"Askari wako wapi?"

"Hakuna askari."

Kweli hawakuwepo. Walikuja watoto, shule baada ya shule, kila mmoja na bendera ndogo, wengine wamevaa sufu na vifungo vya fedha, wengine koti la mvua. Walikuwemo watoto waliozaliwa na Wasomali, na binti mmoja amevaa vazi la bonde juu na mtandio kichwani. Waliimba hovyo, kila darasa kwa kasi yake. Mtoto mmoja alisimama katikati ya msafara mzima kufunga kiatu, na nchi nzima, kwa nilivyoona mimi, ikamsubiri.

Nilikuwa nimetoka ukutani, nina sosiji mkononi, niliposikia mtu akiniita Mwalimu. Banza alikuwa anashuka kwenye basi. Alikuwa amebeba valizi ya buluu kifuani kwa mikono miwili, ingawa ina magurudumu.

Lebo ilikuwa imeng'oka, na valizi ikabaki kwenye uwanja tuliobadilishia ndege. Walipoifungua kutafuta jina walikuta madaftari kwenye kikwembe cha kijani, kama Banza alivyowaeleza kila siku kwa simu. Nilikaa chini palepale barabarani nikaifungua. Moja, mbili, tatu. Yote ishirini na mawili. Nilitazama la kumi na nne: majina ya aina za udongo. Nilicheka peke yangu.

Banza alipiga magoti kando yangu, akafungua daftari moja, akasoma ukurasa kwa midomo bila sauti. Watoto walikuwa wakipita karibu kabisa na vidole vyetu. Alifunua ukurasa wa pili, na wa tatu. Nilimwachia.

Kurudi

Kupiga picha kulichukua siku nne. Sasa kurasa ziko pale maktabani, ziko kwa Banza, na ziko kwangu kwenye kidude kidogo kama ukucha ambacho naogopa kukipoteza kuliko valizi. Madaftari yenyewe nimerudi nayo. Treni kutoka Lubumbashi ilichelewa saa sita tu, na nililala njia nzima, kichwa kikiegemea dirisha, valizi miguuni.

Banza alinipa kifurushi cha mama yake, sweta na dawa za miguu. Mama huyo anakaa upande wa pili wa reli, wengi mnamjua, Mama Ngoie. Nilikwenda siku ya tatu. Nilijua nitakalomwambia: nilitaka kumwomba na yeye msamaha. Nilianza habari ya kifuniko, akanikatiza.

"Najua, Mwalimu. Minyi njo nilikuwa nakivua shingoni akioga. Tangu pale, mutoto hakusema tena Kiluba. Nikimusemesha, anajibu Kiswahili. Amekuwa mukubwa, ameenda Ulaya, Kiswahili tu. Nilizoea."

Nilitazama chini. Yeye alikuwa anajaribu sweta, mkono mmoja umeingia.

"Sasa juzi simu inalia. Nasikia baba mumoja anasalimia mu Kiluba. Nikamwambia, baba, umekosa numero. Nikakata."

"Ulikata?"

"Nilikata. Sauti ilikuwa ya muntu muzima, lakini Kiluba yake ilikuwa ya mutoto wa miaka kumi. Nikasema, huyu ni nani ananichezea." Akaingiza mkono wa pili, akajinyoosha sweta kifuani. "Halafu akapiga tena."